Je, Wajua? Anil, Yule Ambani Mwingine

Je, wajua kwamba mwaka 2008 ndugu wawili wa tumbo moja walikaa bega kwa bega kwenye orodha ya matajiri 10 wa kwanza duniani? Jarida la Forbes lilimweka Mukesh Ambani wa India nafasi ya 5 kwa dola bilioni 43, na mdogo wake Anil nafasi ya 6 kwa dola bilioni 42. Leo tunamtaka huyo mdogo. Sogea, benchi linatosha.

Na je, wajua kwamba miaka 12 tu baadaye, Februari 2020, wakili wa huyohuyo Anil alisimama mbele ya jaji jijini London akasema mali ya mteja wake, ukitoa madeni, ni sifuri? Umesikia vizuri, sifuri. Tutafika huko, usiwe na haraka.

Kwanza twende Adeni, bandari ambayo manahodha wa Lamu, Mombasa na Unguja waliijua kwa karne nyingi. Huko ndiko baba yao, Dhirubhai Ambani, mtoto wa mwalimu wa shule kutoka kijiji cha Chorwad, Gujarat, alikokwenda kutafuta maisha mwishoni mwa miaka ya 1940. Bado alikuwa kijana mbichi.

Unajua alifanya kazi gani? Kampuni ya A. Besse ilimwajiri, na kati ya vibarua alivyopitia ni kujaza watu mafuta sheli. Mshahara unaotajwa ni rupia 300 kwa mwezi. Shika hilo la sheli, tutalirudia na utacheka.

Inasimuliwa kwamba siku moja Dhirubhai alizitazama riali za Yemen akaona jambo ambalo wengine hawakuliona: fedha iliyomo ndani ya sarafu ilikuwa na thamani kuliko sarafu yenyewe. Akazikusanya, akaziyeyusha, akaiuza fedha tupu London. Hazina ya Yemen ilibaki kushangaa sarafu zinakwenda wapi!

Je, wajua kwamba Mukesh, tajiri wa kwanza wa India, si mzaliwa wa India? Alizaliwa Adeni tarehe 19 Aprili 1957. Anil ndiye mzaliwa wa Bombay, tarehe 4 Juni 1959, baada ya familia kurudi nyumbani.

Baba alirudi India mwaka 1958 na kuanza biashara kwa mtaji wa rupia 15,000. Ofisi ya kwanza ilikuwa chumba cha futi za mraba 350: simu 1, meza 1 na viti 3. Mgeni wa nne akija, anasimama. Wakauza viungo Adeni na kununua nyuzi za poliesta, na kampuni hiyo ndiyo Reliance unayoisikia leo.

Familia nayo ilikaa wapi? Bhuleshwar, katika zile nyumba za kupanga za Bombay ambazo wapangaji wanagawana baraza, watoto 4 wakibanana na wazazi wao: Mukesh, Anil na dada zao Nina na Dipti. Anil alikuwa wa pili.

Je, wajua kwamba Reliance ilipouza hisa kwa umma mara ya kwanza, mwaka 1977, watu 58,000 walinunua? Wengi walikuwa walimu, makarani na wenye maduka madogo. Baadaye mkutano wa wanahisa ulijaa mno hata mwaka 1986 ukafanyiwa uwanja wa wazi wa Cross Maidan, jijini Bombay, wakaja zaidi ya watu 30,000. Timu ngapi za kwetu zinajaza hivyo?

Sasa mwangalie Anil. Alisoma chuo cha K.C. cha Bombay, kisha akavuka bahari hadi shule ya biashara ya Wharton, Marekani, akamaliza shahada ya uzamili mwaka 1983. Mukesh naye alikwenda Stanford, lakini baba alimwita kabla hajamaliza, aje kujenga kiwanda cha poliesta. Kwa hiyo kati ya hawa wawili, mwenye cheti cha biashara cha Marekani ni yule aliyefilisika. Hilo nimelisema tu, wala sina ugomvi na vyuo.

Kazi ziligawanyika zenyewe. Mukesh alipenda mitambo na zege, Anil alipenda fedha, magazeti na wawekezaji wa nje. Mmoja anajenga, mwingine anatafuta pesa za kujengea, na baba anacheka tu.

Je, wajua kwamba mwaka 1997 Reliance ilikopa dola milioni 100 Marekani kwa hatifungani ya miaka 100? Ndiyo, mia! Tarehe ya kulipa ni mwaka 2097, na Anil ndiye aliyekuwa akisifiwa kwa mikopo ya aina hiyo. Mimi na wewe hatutakuwepo kuona kama deni lililipwa.

Mwaka 1991 Anil alimwoa mwigizaji wa sinema. Jina lake Tina Munim, na kama wewe ni wa zama za sinema za Kihindi za Unguja au Mombasa huenda unamkumbuka: ndiye msichana wa filamu ya Karz ya mwaka 1980, pamoja na Rishi Kapoor. Filamu yake ya kwanza, Des Pardes ya 1978, aliigiza na Dev Anand mwenyewe.

Anil mwenyewe hali nyama, hanywi pombe, na alfajiri watu wa Mumbai walizoea kumwona akikimbia barabarani. Inasimuliwa kwamba zamani alikuwa mnene, hadi mwekezaji mmoja akamuuliza utaongozaje kampuni kama mwili wako tu umekushinda. Akaanza kukimbia, na hakuacha.

Sasa inakuja ile yenyewe. Je, wajua kwamba Dhirubhai alifariki tarehe 6 Julai 2002 bila kuacha wosia? Mtu aliyejenga kampuni kubwa kuliko zote za binafsi nchini India, hakuandika hata karatasi moja ya kusema nani achukue nini! Mukesh alikuwa na miaka 45, Anil 43.

Kaka akawa mwenyekiti, mdogo akawa makamu. Kwa nje kimya. Novemba 2004 Mukesh alihojiwa na televisheni, akakubali kwamba kuna mambo ya umiliki hayajakaa sawa. Siku iliyofuata India nzima ilikuwa imegawanyika, huyu wa kaka, yule wa mdogo, kila mtu na upande wake.

Hebu sikiliza hili: wakati wote huo wa kununiana, ndugu hawa walikuwa wakiishi jengo moja! Sea Wind, ghorofa la familia jijini Mumbai, kila mmoja na orofa zake, na mama yao humohumo. Sijui ukikutana na hasimu wako kwenye ngazi asubuhi unasema nini.

Aliyemaliza kesi ni mama. Tarehe 18 Juni 2005, Kokilaben Ambani alitoa tangazo fupi kwamba, kwa baraka za Shrinathji, mungu wa familia yao, wanawe wamegawana. Si jaji, si waziri. Mama.

Mgawanyo ulikuwaje? Mukesh alichukua mafuta, kemikali na viwanda vya zamani, pamoja na mtambo wa Jamnagar, ule mkubwa kuliko yote duniani wa kusafisha mafuta mahali pamoja. Anil alichukua simu, umeme na huduma za fedha. Wengi walisema mdogo ndiye aliyepata mambo ya kisasa, na wakati huo nani angewabishia?

Je, wajua kwamba kabla ya mgawanyo Anil alikuwa pia mbunge? Juni 2004 aliingia Rajya Sabha, baraza la juu la Bunge la India, akiwakilisha jimbo la Uttar Pradesh. Machi 2006 akajiuzulu. Biashara ilikuwa imenoga.

Na ilinoga kweli! Januari 2008 Anil aliuza hisa za kampuni yake ya umeme, Reliance Power. Mauzo yalifunguliwa asubuhi ya tarehe 15, na hisa zote zikawa zimeombwa ndani ya dakika moja hivi. Chai yako isingepoa.

Alitaka dola kama bilioni 3. Maombi yaliyokuja yalifika karibu dola bilioni 190, zaidi ya mara 70 ya zilizokuwepo. Na kituko chenyewe ni hiki: kampuni hiyo ilikuwa bado haijazalisha hata umeme wa kuwasha balbu moja. Watu walinunua mipango, ramani na jina la Ambani.

Unataka kujua ilivyokuwa? Tarehe 11 Februari 2008 hisa zilianza kuuzwa sokoni, zikaanguka asilimia 17 siku hiyohiyo. Waliouza mbuzi wakanunua hisa walishika vichwa. Anil akawapa hisa za bure, 3 kwa kila 5, kuwafuta machozi.

Hata hivyo Forbes ya Machi 2008 ilimtaja kuwa tajiri aliyeongeza mali nyingi kuliko wote duniani mwaka huo: dola bilioni 23.8 za nyongeza. Mwaka uliofuata, baada ya masoko kuporomoka dunia nzima, Forbes hiyohiyo ikamtaja kuwa aliyepoteza nyingi kuliko wote. Alishuka kutoka bilioni 42 hadi 10.1.

Hebu tupige hesabu pamoja. Bilioni 32 kwa siku 365 ni karibu dola milioni 88 kila siku. Umelala usiku wa saa 8, umeamka, milioni 29 zimeondoka! Na bado alikuwa bilionea, jambo ambalo mimi binafsi linanichanganya.

Waganda na Wanyarwanda, hili ni lenu. Je, mwajua kwamba mwaka 2008 mtandao wa MTN nusura uunganishwe na kampuni ya Anil, Reliance Communications? Mazungumzo yalianza Mei, yangezaa moja ya kampuni kubwa za simu duniani, kuanzia Mumbai hadi Kampala na Kigali hadi Johannesburg.

Nani aliyeyazuia? Kaka mtu. Kampuni ya Mukesh ilidai kwamba, kwa makubaliano ya mgawanyo, hisa za Reliance Communications zikiuzwa lazima yeye aulizwe kwanza. Julai MTN ikajitoa, na laini yako ikabaki ilivyokuwa.

Miezi michache baadaye Anil alimshtaki kaka yake kwa kumchafulia jina katika mahojiano na gazeti la New York Times. Alidai fidia ya rupia bilioni 100, zaidi ya dola bilioni 2 za wakati huo. Ndugu kwa ndugu! Kesi aliiondoa mwaka 2010.

Ugomvi mkubwa ulikuwa gesi. Makubaliano ya familia yalisema Mukesh amuuzie Anil gesi ya baharini, meta za ujazo milioni 28 kwa siku, miaka 17, kwa dola 2.34 kwa kipimo. Serikali nayo ikapanga bei ya dola 4.20, na Mukesh akasema mikono yake imefungwa.

Anil alilipia kurasa za magazeti kuishambulia wizara ya mafuta. Tarehe 7 Mei 2010 Mahakama ya Juu ya India ikasema gesi ni mali ya taifa, na watu wawili wa familia moja hawawezi kukaa sebuleni wakaipangia bei. Mdogo akashindwa. Mwezi huohuo wakafuta pia lile sharti la kutoingiliana biashara, na ukumbuke hapo, kwa sababu ndipo balaa lilipoanzia.

Lakini kabla ya balaa, raha kidogo. Je, wajua kwamba pesa za Anil zilimsaidia Steven Spielberg? Kampuni ya DreamWorks ilipotaka kusimama upya, Reliance ya Anil iliweka dola milioni 325 mwaka 2009.

Matunda yake umeyaona pengine bila kujua. The Help, War Horse, na ile Lincoln ya 2012 iliyoteuliwa kuwania Oscar 12 ikashinda 2, zote zina jina la Reliance mwanzoni. Siku nyingine usiruke majina.

Na kama unaishi Maskati, huenda ujumbe wako uliwahi kupita ndani ya waya wake. Reliance ilinunua kampuni ya FLAG kwa dola milioni 207, na mgawanyo ukampa Anil: mtandao wa mikongo ya baharini wa kilomita 65,000. Mmoja wa mikongo hiyo, FALCON, unazunguka Ghuba na kutua Oman.

Februari 2008 mkongo huo ulikatika kati ya Oman na Falme za Kiarabu, intaneti ikayumba kutoka Ghuba hadi India. Watu wakazua kila aina ya uvumi wa majasusi. Mafundi walipofika chini walikuta nanga iliyotelekezwa, ya tani 5 hadi 6. Nanga tu, bwana!

Sasa rudi kwenye ile sheli niliyokuambia uishike. Je, umewahi kujaza mafuta GAPCO? Mwaka 2007 Reliance ya Mukesh ilinunua sehemu kubwa ya kampuni hiyo, yenye vituo Tanzania, Kenya na Uganda. Mtoto wa mjaza mafuta wa Adeni akawa mwenye sheli za Dar es Salaam! Baadaye aliiuzia Total ya Ufaransa.

Haya, simu. Kwa maoni yangu hiki ndicho kisa kitamu kuliko vyote, kwa hiyo nitakikawiza kidogo.

Je, wajua kwamba kampuni ya simu aliyopewa Anil ilikuwa imebuniwa na Mukesh? Ilizinduliwa tarehe 28 Desemba 2002, siku ya kuzaliwa ya baba yao, miezi 5 baada ya kifo chake. Dhirubhai alitaka kupiga simu kuwe rahisi kuliko kutuma postikadi.

Mwaka 2003 walitoa simu kwa malipo ya mwanzo ya rupia 501 tu. Wateja milioni 1 walijiandikisha kwa siku 10. Madereva wa riksho, wauza mboga na wafua nguo wakaanza kupiga simu mjini na vijijini.

Ukaja mgawanyo, Mukesh akaliacha penzi lake, Anil akalichukua. Mwanzoni mwa 2010 Reliance Communications ilipita wateja milioni 100. Ilikuwa imechukua miaka 7.

Unakumbuka lile sharti la kutoingiliana lililofutwa Mei 2010? Mwezi mmoja baadaye, Juni, Mukesh akanunua kampuni ndogo iliyokuwa imeshinda masafa ya intaneti nchi nzima. Akanyamaza. Akachimba mitaro, akasimika minara, miaka 6 mizima.

Tarehe 5 Septemba 2016 akaifungua Jio. Kupiga simu bure! Bando bure kwa miezi! Alifika wateja milioni 100 kwa siku 170. Kile ambacho kampuni ya mdogo ilikifanya kwa miaka 7, kaka alikifanya kwa chini ya miezi 6.

Mashindano hayo yaliwaumiza wote, lakini Anil alikuwa na madeni makubwa mgongoni. Mwishoni mwa 2017 kampuni yake ilifunga huduma ya kupiga simu za mkononi. Deni lilikuwa zaidi ya rupia bilioni 400.

Na nani alijitokeza kununua minara na masafa yake? Jio! Tangazo lilitolewa tarehe 28 Desemba 2017, siku ileile ya kuzaliwa ya baba, miaka 15 kamili tangu simu ya kwanza ya Reliance. Mtunzi wa tamthilia angeandika hivyo ungemwambia anatia chumvi. Mwishowe biashara yenyewe haikutimia, na mwaka 2019 kampuni ikaingia mikononi mwa wafilisi.

Hapo ndipo jela ilipobisha hodi. Kampuni ya Ericsson ya Uswidi ilikuwa ikidai pesa za kazi yake, na tarehe 20 Februari 2019 Mahakama ya Juu ya India ilimkuta Anil na hatia ya kudharau mahakama. Alipewa wiki 4: alipe karibu rupia bilioni 4.5 au akae ndani miezi 3.

Siku zikahesabika. Hakuna pesa. Tarehe 18 Machi, siku moja kabla ya mwisho, malipo yakaingia, na Anil akatoa taarifa ya kumshukuru hadharani kaka yake Mukesh na shemeji yake Nita kwa kusimama naye.

Kaka yuleyule wa MTN, wa gesi na wa Jio. Damu nzito kuliko maji, na siku hiyo ilipimwa kwa rupia.

Sasa tumefika London kama nilivyokuahidi. Benki 3 za China zilisema mwaka 2012 ziliikopesha kampuni ya simu dola milioni 925, na Anil akajiweka mdhamini yeye binafsi. Yeye alikana kutoa dhamana ya namna hiyo. Mei 2020 mahakama ikamwamuru alipe dola milioni 716.9, ndani ya siku 21.

Mawakili wa benki walimtajia jaji magari ya kifahari 11 au zaidi, ndege binafsi, na boti ya starehe. Boti hiyo, magazeti ya India yaliandika, inaitwa Tian: herufi za Tina ukichanganya na za Anil. Upande wa Anil ukasema hizo ni enzi zilizopita.

Septemba 2020 akahojiwa mwenyewe kwa njia ya video. Akasema anaishi maisha ya kawaida, anatumia gari moja, na ada za mawakili amezilipa kwa kuuza vito vyote vya dhahabu kwa rupia milioni 99. Wewe na mimi tungeyaita maisha ya kawaida? Jibu unalo.

Kubwa zaidi: katika maelezo yake ya mali, alitaja kwamba anadaiwa na mama yake dola kama milioni 66, na pia na mwanawe dola milioni 41. Kuna watu wanakopa kwa mama nauli ya daladala.

Wakati huo kaka yake alikuwa akilala wapi? Antilia, nyumba ya orofa 27 jijini Mumbai, yenye viwanja 3 vya kutulia helikopta juu ya paa na maegesho ya magari 168. Alihama Sea Wind. Hata wewe ungehama.

Lakini usimfute Anil kana kwamba hakujenga kitu. Je, wajua kwamba njia ya kwanza ya metro ya Mumbai, kilomita 11.4 na stesheni 12, iliendelezwa na kampuni yake ya Reliance Infrastructure na kufunguliwa Juni 2014? Wakazi wa Ghatkopar na Andheri huipanda kila siku, wengi bila kumfikiria.

Kituo cha umeme cha Sasan, Madhya Pradesh, nacho ni chake: megawati 3,960. Kwa kulinganisha, Bwawa la Nyerere pale Rufiji limejengwa kwa megawati 2,115. Yeye anatumia makaa ya mawe, sisi maji, lakini ukubwa umeuona.

Umeme wa vitongoji vya Mumbai aliuuza kwa kundi la Adani mwaka 2018 ili apunguze madeni. Ila huko Delhi kampuni zake za BSES, kwa ubia na serikali ya huko, bado ndizo zinazowasha taa katika sehemu kubwa ya jiji.

Hospitali je? Ukifika Andheri Magharibi utaona hospitali ya vitanda 750 yenye jina la Kokilaben Dhirubhai Ambani, iliyofunguliwa mwaka 2009. Wakati huo wanawe wawili walikuwa wakishtakiana, na mmoja akajenga hospitali kwa jina la mama yao.

Misukosuko haijaisha. Agosti 2024 mamlaka ya masoko ya hisa ya India, SEBI, ilimfungia miaka 5 asijihusishe na soko hilo na kumtoza faini ya rupia milioni 250, naye akakata rufaa. Agosti 2025 aliitwa Delhi kuhojiwa na idara inayochunguza uhalifu wa fedha. Lakini Reliance Power, ile iliyouza hisa kwa dakika moja, mwaka 2024 ilitangaza kwamba yenyewe haidaiwi tena na benki yoyote.

Je, wajua kwamba kwenye harusi ya mwana wa Mukesh, Anant, Julai 2024, ile iliyojaza simu zetu picha kwa wiki nzima, Anil na Tina walikuwepo? Walikuwa upande wa familia, wamevaa, wanapigwa picha. Rema wa Nigeria akaimba.

Kwa hiyo msomaji, mtu akija barazani na kusema Ambani ni tajiri wa kutupwa, usikubali wala usibishe. Muulize kwanza: Ambani yupi, na wa mwaka gani?